Kitunga cha Kapata: Mgeni Afundishwe au Aachwe Anunue?

MSAFIRI: Nianze mimi, kwa kuwa mimi ndiye mshitakiwa. Kwetu ni Unguja. Nimelala juu ya mikeka ya miyaa tangu utotoni, lakini kusuka nilikwenda kujifunzia Bali, katika kijiji cha Tenganan, mashariki ya kisiwa kile. Watu wa huko husuka vikapu kwa ata, kangaga ndefu inayoparamia miti. Kikapu kikishasukwa huanikwa juani siku kadhaa, kisha hufukizwa kwa moshi wa makumbi ya nazi mpaka kikaiva rangi ya asali. Nililipa ada, nikaketi, nikafundishwa, nikarudi na kikapu kilichopinda upande mmoja. Sasa nimefika hapa Kapata, mtaa wa Kolwezi, Kongo, namwomba Mama huyu anifunze kitunga cha kwao kwa wiki moja. Ninalipa. Sioni kosa.

MCHIMBAJI: Kosa ni kuondoka. Kolwezi tunawafahamu wanaokuja wakaondoka. Union Minière ya Wabelgiji ilianzishwa 1906, Gécamines ya serikali ikairithi 1967, na leo kampuni ni nyingi hata majina hatuyamalizi. Wote wanachukua kitu kikiwa ghafi. Kobalti inatoka hapa ikiwa unga wa hidroksidi ndani ya magunia, inapanda lori, betri inatengenezwa China. Hata hiki kilichobaki mikononi mwa bibi zetu nacho kiende kikiwa ghafi?

MSUSI: Mjukuu wangu, usinichanganye na mgodi. Jiwe likichukuliwa, limekwenda. Mimi nikimfundisha huyu binti, kesho bado ninajua. Tena nitakuwa nimekula.

MCHIMBAJI: Utakula wiki moja, Nkambo. Halafu yeye atafungua darasa lake mahali penye watalii, aandike mlangoni "kitunga cha Kongo", alipwe kila wiki.

MSAFIRI: Mimi sina darasa, wala sina mpango wa…

MCHIMBAJI: Wewe huna. Na atakayekufuata?

MWALIMU: Hofu yake ina msingi, ingawa mifano inayotajwa mara nyingi siyo. Wakenya husimulia kwamba kiondo chao kilisajiliwa na Wajapani. Hayo yamerudiwa zaidi kuliko yalivyothibitishwa. Chenye ushahidi ni kikoi. Mwaka 2006 kampuni moja ya Uingereza iliomba kulisajili jina hilo, kwa tahajia ya Kiingereza, liwe alama yake ya biashara. Ombi lingepita, mfumaji wa Kenya angekiuza kitambaa chake Uingereza kwa jina jingine. Wakapinga kisheria, na 2008 ombi likaachwa. Lakini tazameni kilichogombewa: jina. Ufundi wenyewe hakuna aliyeuomba.

MSAFIRI: Basi hapo tumekubaliana, Mwalimu. Ufundi hauna mwenyewe. Vikapu vilivyotolewa katika pango la Murciélagos, kusini mwa Hispania, vina umri wa miaka 9,500 hivi. Nani alimfundisha nani? Na usukaji kama huu wa Mama, wa kuzungusha msokoto juu ya msokoto, ulivuka bahari ukafika South Carolina, Marekani. Watu wa Gullah bado wanasuka hivyo kando ya barabara kuu, na mwaka 2006 jimbo likaitangaza kazi hiyo kuwa ufundi rasmi wa jimbo. Kama ungefungiwa kijijini, ungekufa na kijiji.

MWALIMU: Umechagua mfano unaokugeuka. Babu zao hawakusafiri, walisafirishwa. Wengi walitolewa pande za Afrika zilizojua kilimo cha mpunga, na ungo waliousuka ulikuwa wa kupepetea mpunga wa bwana. Ufundi wao ulinyonywa karne kadhaa kabla ya mtu kuupa cheti. Halafu uliza wasusi wa leo wana kilio gani. Ni nyasi. Pwani ile imejengwa hoteli na makazi ya wenye fedha, na sehemu walizokuwa wakikata nyasi zimefungwa. Cheti wanacho. Malighafi ndiyo inayowakimbia.

MSUSI: Hapo sasa mmefika nyumbani. Tangu mmeanza kubishana, hakuna aliyetaja ukindu.

MCHIMBAJI: Ukindu unatoka wapi siku hizi, Nkambo?

MSUSI: Nilikuwa naukata bondeni, mwendo wa dakika chache. Bonde likazungushiwa uzio. Sitaji wa nani. Nyote mnapita hapo. Binti huyu anafikiri wiki moja ni ya kusuka, na wiki hiyo hata kitovu hatafika. Kwanza ni kukata, na kukata ni kiangazi, jani likiwa limekomaa bila kukakamaa. Unachana tepe, unazianika, unazichagua, zenye doa unazitupa. Rangi nyeusi inataka tope la mtoni na uvumilivu. Rangi nyekundu inataka mizizi na sufuria ambayo hutaipikia tena. Halafu nyasi. Nyasi ndiyo iliyomo ndani ya msokoto, ukindu ndio unaoifunga. Ukiloweka kidogo, utepe unakatika mkononi. Ukiloweka sana, ukikauka unalegea na kitunga kinacheka meno nje. Ndipo unashika msumari uliochongoka, unatoboa, unapitisha, unavuta. Mzunguko wa kwanza, yaani kitovu, ni mdogo kuliko kidole gumba, na ukiwa mbaya huo, hata ukisuka mwezi mzima utakuwa unaufuata ubaya wake. Mimi mama yangu alinifumulia kitovu mpaka nikalia. Huyu nikimfumulia na amelipa, atasema nimemwibia.

MSAFIRI: Sitasema hivyo.

MSUSI: Wengine wamesema.

MSAFIRI: Mama, nakubali kwamba nitatoka na kidogo. Lakini kidogo cha mgeni kimewahi kuzaa kikubwa. Yuko Paulus Gerdes, mwanahisabati kutoka Uholanzi. Alitazama sipatsi, mikoba inayosukwa Inhambane, Msumbiji, akaona kwamba kila mchoro una hesabu yake na kwamba msusi hawezi kukosea hata utepe mmoja bila mchoro kukataa kuungana. Akaandika. Ameandika pia juu ya sona, michoro ambayo Wachokwe wa upande wenu huichora mchangani. Mtoto wa shule akisoma hayo anajua bibi yake alikuwa na hisabati. Bila mgeni aliyeketi akauliza, hayo yangeandikwa lini?

MSUSI: Hesabu ninayo. Sikuwa namngoja.

MWALIMU: Nami namheshimu Gerdes kuliko wewe unavyomheshimu, ndiyo maana nakataa umtumie hivyo. Alifika Msumbiji miaka ya 1970, akafanya kazi ya kufundisha walimu huko, akawa mkuu wa Chuo Kikuu cha Ualimu, akabaki Mmsumbiji mpaka alipofariki 2014. Kitabu cha sipatsi aliandika pamoja na Gildo Bulafo. Yule hakupita. Unataka kujipatia heshima ya miaka 40 kwa nauli ya wiki moja.

MSAFIRI: Kwa kipimo chako, basi, hakuna anayestahili kujifunza chochote nje ya kwao ila ahamie. Bali walipokea watalii wa kigeni zaidi ya milioni 6 mwaka 2019. Kila siku wanawake wa huko husuka canang, kisahani cha makuti machanga, wakakitia maua, wakakiweka mlangoni na hekaluni kuwa sadaka. Mgeni hufundishwa kukisuka kwa asubuhi moja tu. Na dini yao ipo, haijapungua.

MSUSI: Hao wageni wakishasuka, wanasali?

MSAFIRI: Hapana, Mama. Wanapiga picha.

MSUSI: Haya.

MWALIMU: Mama amekuuliza swali zito kwa maneno machache, na jibu lake liko huku kwetu. Miongoni mwa Walunda, Wachokwe na Waluvale, kutoka Dilolo mpaka kaskazini-magharibi ya Zambia, kuna kitunga cha mganga wa kupiga ramli. Waluvale hukiita lipele, wengine wanasema ngombo. Ndani yake mnawekwa vitu vidogo vingi: vinyago vya mti, mifupa, mbegu, vipande vya hiki na kile. Mganga hukitikisa na kusoma jinsi vilivyokaa. Victor Turner aliandika juu yake kwa Wandembu, kitabu kikatoka 1961. Baadaye Sónia Silva akaishi na wakimbizi wa Angola huko Chavuma, akaandika jinsi kitunga hicho kinavyozaliwa. Msusi ni mwanamke. Na mganga mpya hakinunui kama mtu anunuavyo cha kuwekea unga. Kinaibwa kutoka kwa msusi, wizi wenye taratibu zake. Sasa wewe niambie, katika darasa lako la kulipia, wizi huo utaingia saa ngapi?

MSAFIRI: Sikuomba kufundishwa lipele. Nimeomba kitunga cha unga.

MSUSI: Mshono ni ule ule, mwanangu. Ukijua wa unga, mikono yako inajua na ule mwingine. Kinachonizuia mimi siyo mikono.

MSAFIRI: Kwa hiyo Mama unaniogopa?

MSUSI: Wewe sikuogopi. Namwogopa mtu utakayemwonyesha, ambaye atakiona kizuri, akakisuka kimoja chenye umbo lile, akatia vijiti na mifupa ya kuku, akakiuza uwanja wa ndege.

MCHIMBAJI: Nkambo, ngoja kwanza. Mnalinda kitu gani? Nimezaliwa Kapata, sijawahi kuiona ngombo hata siku moja.

MSUSI: Ungeionea wapi? Kanisani wanasema ni uchawi, na wewe unaitikia amina kwa sauti kuliko mchungaji.

MWALIMU: Na hilo tuliseme bila kulipaka sukari. Tunamzuia mgeni asikiguse kitu ambacho sisi tumekizika. Anayetaka kukiona leo atakipata kwa urahisi zaidi katika makumbusho ya Ulaya kuliko katika nyumba ya Kapata. Walioandika juu yake ni wageni, na tunachokijua mimi na wanafunzi wangu tumekisoma kwao.

MSAFIRI: Mwalimu, umeshanisaidia kesi.

MWALIMU: Nimekusaidia nusu. Turner na Silva walikaa, wakajifunza lugha, wakaandika majina ya vitu. Nyumba zetu zikikosa kumbukumbu, kitabu kipo. Wiki yako itaacha nini hapa?

MSAFIRI: Fedha. Semeni mnavyotaka, fedha ni kitu. Rwanda wameweka kikapu hata katika nembo ya taifa, na mwaka 2005 vikapu vya Gahaya Links vilianza kuuzwa katika maduka ya Macy's, Marekani. Wanawake wakajenga, wakasomesha.

MCHIMBAJI: Rwanda waliuza vikapu! Hilo ndilo ninalolisema tangu asubuhi. Wao wanauza kitu kilichokamilika. Nyinyi hapa mnajadili kuuza ujuzi wa kukitengeneza.

MSUSI: Nani atakinunua changu Kapata? Beseni la plastiki bei yake ni ndogo, halivuji, halitaki kiangazi. Kitunga kimoja kikubwa kinanila siku nyingi, na mteja akija anataka nimpunguzie. Somo halina mzigo. Mgeni analipa akiwa amekaa, na jioni sibebi kitu kurudisha sokoni. Nyinyi mnaongea kama mimi nimezaliwa muuza urithi. Mume wangu alikuwa Gécamines. Unga tulipewa, shule ilikuwepo, hospitali ilikuwepo. Mwaka 2003 wakaja na ile "kuondoka kwa hiari", fedha za Benki ya Dunia, wakaondoka wafanyakazi zaidi ya 10,000. Hiari hiyo hakuna aliyeiona. Ndipo nikaikumbuka mikono ya mama yangu. Kabla ya hapo vitunga nilikuwa nasuka vya nyumbani tu, na majirani walinicheka kwamba mke wa mtu wa kampuni anabeba nyasi.

MWALIMU: Kucheka huko nako kulifundishwa. Union Minière iliwaweka wake za wafanyakazi katika nyumba za mafunzo wajifunze kushona, kutarizi na kupika kwa namna ya Ulaya. Kusuka ukindu hakukuwa kwenye ratiba.

MSUSI: Na nilijifunza, Mwalimu. Sindano mbili za kufumia sweta nazijua hadi leo, na sweta zangu zimevaliwa na watoto wote wa kambi kila Juni. Hakuna Mbelgiji aliyekuja kunidai ruhusa. Hakuna aliyeniambia urithi wa bibi yake umetoroka. Kwa nini ufundi wao ni wa kila mtu, wa kwetu ndio ufungiwe?

MCHIMBAJI: Kwa sababu wao walikufundisha ili uwe mke mzuri wa mfanyakazi wao. Faida ilirudi kwao. Nionyeshe faida inayorudi hapa.

(Hapo walibishana kuhusu bei. Nimeyakata, maana kila upande ulirudia tarakimu ile ile kwa sauti kubwa zaidi. Kilichofuata kina maana zaidi kuliko bei.)

MCHIMBAJI: Tuseme hivi. Sheria ya madini iliyorekebishwa 2018 inaidai kampuni asilimia 0.3 ya mauzo yake iende kwa jamii zinazozunguka mgodi. Ni kidogo, na kuifuatilia ni vita, lakini imeandikwa. Kobalti yenyewe mrabaha wake ulipandishwa hadi asilimia 10. Hata jiwe lina karatasi. Msafiri anaondoka na ujuzi wa Nkambo, karatasi yake iko wapi?

MWALIMU: Karatasi zipo kwa wenzetu. Kenya ina sheria ya mwaka 2016 ya kulinda maarifa ya jadi na sanaa za jadi. Anayetaka kuyatumia kwa biashara anatakiwa kupata idhini ya jamii yenyewe. Mei 2024, Geneva, mataifa yalipitisha mkataba unaohusu rasilimali za kijenetiki na maarifa ya jadi yanayohusiana nazo, kwamba anayeomba hataza aseme ameyatoa wapi. Mkataba huo utamgusa anayechukua mti wa dawa. Kitunga cha unga hakimo. Na hata sheria ya Kenya inauliza swali gumu: jamii ni nani? Mama huyu ametoka Dilolo. Jirani yake ni Msanga, wa pili Mluba, wa tatu alikuja na gari la moshi kutoka Lobito, Angola. Nani atatia saini kwa niaba ya kitunga?

MSUSI: Mimi. Nimekisuka.

MWALIMU: Mama, sheria haitakubali hivyo.

MSUSI: Basi sheria ije isuke.

MSAFIRI: Mimi ninakubali kuandikiana na Mama. Sitafundisha kwa kulipwa bila idhini yake, nitataja jina la mahali na la watu wake, nitamtumia picha za nilichosuka. Nini zaidi?

MCHIMBAJI: Hayo ni maneno ya mtu mwema, na mimi sina ugomvi na wema wako. Lakini wema hauna ofisi ninayoweza kwenda kulalamika.

MSUSI: Wewe unayelalamika, nikuulize mbele yao. Nina wajukuu, nakukumbuka wewe uliyekaa miguuni pangu ukichezea tepe. Niliwahi kukuita ujifunze?

MCHIMBAJI: Uliniita.

MSUSI: Ukaja?

MCHIMBAJI: Nkambo, ningekuja nile nini? Siku nzuri shimoni inanipa zaidi ya vitunga vyako vya mwezi. Siku mbaya hainipi kitu, najua, na siku nyingine haimrudishi mtu. Lakini nyumbani wanakula leo. Unataka nikae nichane ukindu ili Mwalimu apate cha kufundisha darasani?

MWALIMU: Usinitie mimi. Ila umejibu vizuri kuliko sisi wote. Tunamkataza mgeni asichukue nafasi ambayo hakuna mwenyeji anayeitaka.

MCHIMBAJI: Sijasema hatuitaki. Nimesema hailipi. Ikilipa wageni tu, ndipo itakapokuwa ya wageni. Watoto wa hapa watakuwa wa kubeba mizigo yao na kupigwa nao picha.

MSAFIRI: Bibi yangu Unguja alisuka ukili mpaka macho yakamshinda. Hakuna aliyekaa naye, mimi wa kwanza. Alikuwa akitusuta kwamba tunaona haya. Kwa hiyo usinieleze hilo kama jambo la Kapata.

MWALIMU: Na ukaenda Bali kulipia kilichokuwa uani kwenu. Sikuulizi kwa kukudhihaki. Nakuuliza kwa sababu jibu lake ni jibu la kijana huyu pia. Kwa nini kilikuwa kitamu ugenini?

MSAFIRI: Kwa sababu ugenini hakuna aliyeniona maskini kwa kukishika.

MSUSI: Mmemaliza? Nisikilizeni, maana kisu ni changu. Mgeni nitamfundisha. Sitamfundisha peke yake. Kila anayelipa, analipia na mtoto mmoja wa Kapata akae kando yake, na mtoto huyo alipwe ujira wa siku, maana mtoto mwenye njaa hasuki. Ngombo sifundishi, wala sichori, wala sielezi. Nikikufumulia kitovu, kimefumuliwa, hata uwe umelipa dola.

MCHIMBAJI: Nani atahakikisha huyo mtoto amelipwa siku wewe ukiwa haupo? Mimi bado siungi mkono.

MWALIMU: Mimi naunga mkono sharti la mtoto. La wiki moja bado nalikataa. Msimu mmoja, hapo tungezungumza.

MSAFIRI: Msimu mmoja sina. Wiki mbili ninazo.

MSUSI: Wiki mbili zinatosha kukata, kuchana na kuanika. Kusuka utarudi. Ukindu wa karibu umekwisha. Ninapokata sasa ni nusu siku kwa baiskeli, kwenda tu. Anayetaka kujifunza, mgeni au mjukuu, aje Juni na baiskeli yake.